Sinema Bubu na Macho ya Nahodha

Watu wengi wasikiapo habari za sinema bubu hufikiri juu ya vichekesho vya watu wanaokimbizana na kuanguka. Mimi nami nilikuwa na fikira hiyo mpaka nilipokwisha kuota mvi katika kazi ya ualimu. Sikujua ya kwamba miongoni mwa mambo ya mwanzo yaliyopigwa picha na wenye sinema, mwishoni mwa karne ya 19, yalikuwamo mashindano ya mashua za tanga. Wala sikujua ya kwamba picha hizo, zisizo na sauti wala maandishi, zingekuja kunipatanisha na mzee niliyemkosea. Katika makala haya nataka kuyaeleza mambo hayo mawili pamoja, kwa sababu kwangu mimi hayatengani.

Nilizaliwa kisiwani Mafia katika ukoo wa mabaharia. Mjomba wangu alikuwa nahodha wa mashua iliyochukua nazi na samaki wakavu kwenda Kisiju na Dar es Salaam, na katika mashindano ya ngalawa ya kijijini kwetu jina lake lilitajwa kabla ya majina ya wengine. Mimi sikuifuata bahari. Nilipelekwa shule, nikapata cheti, nikarudi kisiwani kufundisha historia katika shule ya sekondari. Najua kuisoma ramani ya bahari zote za dunia, lakini nikipewa usukani wa ngalawa nitaipandisha mwambani kabla ya adhuhuri.

Mashindano yetu hufanywa siku ya pili ya Idi. Mwaka mmoja siku hiyo ilikosa upepo kabisa. Bahari ililala kama mafuta katika sahani. Wazee wakakubaliana kungoja. Upepo ulikuja Jumatano, siku ya masomo, na wavulana sita hawakuonekana darasani. Kesho yake niliwachapa viboko, kisha nikawaambia mbele ya wenzao ya kwamba bahari haitoi cheti. Mmoja wao alikuwa mjukuu wa Mjomba, naye ndiye aliyeshika demani katika ngalawa iliyoshinda.

Mjomba hakunigombeza. Jioni nilipopita barazani pake nikamwamkia, "Shikamoo, Mjomba," aliitika, "Marahaba, Mwalimu." Hilo tu. Tangu utotoni hakupata kuniita ila mpwa wangu. Ikawa hivyo kwa muda wa miezi mingi: nikiamkia, naitikiwa kwa adabu zote, kama mgeni aliyeletwa na serikali.

Katika miezi hiyohiyo nilikuwa nikitafuta vielelezo vya kufundishia historia ya vyombo vya habari. Nikitazama katika kompyuta ya shule, nilikutana na filamu fupi zinazohifadhiwa na Maktaba ya Bunge la Marekani. Nyingi hazizidi dakika mbili tatu. Kadhaa miongoni mwake zilionyesha mashua kubwa nyeupe, za aina tunayoiita yoti, zikishindana katika bahari ya Sandy Hook, kwenye lango la kuingilia bandari ya New York, katika miaka ya 1899, 1901 na 1903.

Yafaa kwanza nieleze yalikuwa mashindano gani. Mwaka 1851 mashua ya Kimarekani iliyoitwa America ilivuka bahari mpaka Uingereza, ikazishinda mashua za huko katika mbio za kukizunguka kisiwa cha Wight, ikatwaa kikombe cha fedha. Kikombe hicho kikaitwa kwa jina la mashua hiyo, na kwa muda wa miaka 132 hakuna taifa lililoweza kuwanyang'anya Wamarekani. Kiliwatoka mwaka 1983 tu, walipokichukua Waaustralia.

Mwaka 1899 alitokea Sir Thomas Lipton, mfanyabiashara wa Glasgow aliyetajirika kwa maduka ya vyakula na kwa chai. Naam, ndiye huyo ambaye jina lake tunalisoma mpaka leo juu ya pakiti za chai madukani mwetu. Alijenga mashua akaiita Shamrock, akaja kukitaka kikombe. Wamarekani walimpinga kwa mashua iliyoitwa Columbia, iliyochorwa na Nathanael Herreshoff, fundi mashuhuri wa mji wa Bristol katika Rhode Island. Aliyeshika usukani wake ni Charlie Barr, nahodha mzaliwa wa Scotland aliyekwisha kuwa raia wa Marekani.

Mambo mawili mapya yalikuwapo baharini siku hizo. La kwanza lilikuwa simu isiyo na waya: Marconi mwenyewe alikuwa melini, akipeleka habari za mbio pwani kwa ajili ya gazeti la New York Herald. La pili lilikuwa kamera ya sinema. Watu walikuwa wameanza kulipa kiingilio kutazama picha zinazokwenda miaka michache tu kabla ya hapo, na makampuni, likiwamo lile la Edison, yalishindana kuwaletea jambo jipya kila juma. Bahari, tanga na wimbi vilifaa sana, maana havikuhitaji sauti wala mwigizaji, na havikutulia hata mara moja.

Kazi yenyewe lakini haikuwa nyepesi. Kamera ilikuwa sanduku zito lililosimamishwa juu ya miguu mitatu, na miguu hiyo ilisimama juu ya sitaha ya meli ndogo ya moshi inayoyumba. Filamu ilikuwa fupi. Mpiga picha hakuweza kuzifuata mbio za maili 30 tangu mwanzo hata mwisho. Ilimpasa achague: mwanzo wa mbio, au kugeuka penye boya, au kufika. Yaliyobaki yalipita bila ya shahidi. Ndiyo sababu filamu hizi huanza ghafula na kukatika ghafula, kama mtu aliyefungua dirisha akalifunga.

Kuna jambo jingine lililonishangaza. Filamu za wakati ule zilitengenezwa kwa dawa iwakayo moto upesi na kuoza upesi, na nyingi zimepotea. Hizi zimesalimika kwa njia ambayo hakuna aliyeikusudia. Sheria ya Marekani ya hakimiliki haikuitambua sinema mpaka mwaka 1912. Ilitambua picha za kawaida tu. Basi makampuni, ili kulinda mali yao yasiibiwe, yalizichapa filamu zao juu ya karatasi ndefu, picha baada ya picha, yakazipeleka katika maktaba hiyo kama kifungu cha picha. Karatasi zikakaa huko miaka mingi bila ya kukumbukwa. Zilipogunduliwa tena katika miaka ya 1940 zilikuwa za filamu zipatazo 3,000, na katika miaka iliyofuata mtaalamu Kemp Niver na wenzake walizirudisha katika filamu, picha mojamoja. Kwa hiyo tunachokiona leo kiliokolewa na hofu ya wafanyabiashara, wala si na upendo wa historia.

Nilizitazama filamu hizo mara nyingi, na lazima nikiri: sikuona kitu. Niliona weupe unaopita mbele ya kijivu. Sikujua Columbia ni ipi na Shamrock ni ipi, nani yuko mbele na nani yuko nyuma, wala kwa nini mashua mbili zilizokuwa pamoja zilitengana ghafula, kila moja ikashika njia yake. Hakuna maandishi ndani ya picha ya kunisaidia. Mimi mwenye cheti nilikuwa mbele ya filamu hiyo kama asiyejua kusoma aliyepewa barua.

Ndipo nilipomkumbuka mtu awezaye kuisoma. Ilinichukua siku tatu kujikaza. Siku ya nne nilikopa kompyuta ndogo, nikaenda barazani kwa Mjomba baada ya sala ya alasiri, nikamwamkia, nikamwambia, "Mjomba, nimekuja kuomba unisomee kitu." Alinitazama kwa muda. Akasema, "Mwalimu aja kusomewa?" Nikajibu, "Ndiyo." Akasogea kwenye mkeka akanipa nafasi. Mjukuu wake, yule niliyemchapa, aliketi mlangoni asiseme neno.

Nilianza na filamu ya tarehe 3 Oktoba 1901, ionyeshayo msafara wa meli za watazamaji zikiifuata meli ya waamuzi. Mimi niliiona kuwa haina maana, maana mashua zenyewe si shabaha yake. Mjomba alinyamaza mpaka ikaisha, akasema niirudie. Kisha akaweka kidole juu ya kioo. "Tazama moshi," alisema. "Moshi hausemi uongo. Ukitaka kujua upepo unatoka wapi, usitazame tanga, tazama kitu kisicho na nahodha." Nikatazama. Kumbe nilikuwa nimeutazama moshi ule mara kumi nikidhani ni uchafu wa picha.

Tukaja kwenye zile zilizoonyesha mashua mbili zikizungukana kabla ya kuanza. Mjomba akacheka peke yake. Nikamwuliza anachekea nini. "Hawa hawajaanza mbio," alisema, "lakini wameshaanza kupigana. Kila mmoja ataka kukaa joshini kwa mwenziwe. Anayekaa juu humzibia wa chini upepo, tanga lake likafa. Nasi hufanya vivyo hivyo." Akaeleza kwa viganja viwili, kimoja kikimfunika mwenziwe, na mara ile nikaona nilichokuwa nikikitazama: si weupe unaopita, bali watu wawili wanaobishana bila ya kusema, kila mmoja akijua fikira za mwenziwe.

Mashua hizo si kama zetu. Ngalawa ina tanga moja, foromali moja na mirengu miwili. Wale walikuwa na tanga kuu, tanga jingine juu yake, na matanga ya mbele yaliyofungwa omo. Reliance, iliyokilinda kikombe mwaka 1903, ilibeba matanga yenye eneo la mita za mraba zipatazo 1,500, na watu 64 wa kuyaendesha. Mjomba alipoisikia hesabu hiyo alitikisa kichwa. Akasema, "Nahodha wengi, chombo huenda mrama, lakini mabaharia wengi na nahodha mmoja, hiyo ni kazi." Kisha picha ilipoinama upande mmoja nikasema, "Hapa mashua inaelemewa." Akanikatiza: "La. Tazama mlingoti na maji. Chombo kimetulia. Anayeyumba ni mpiga picha."

Akaniuliza, "Nani mwenye chombo hiki?" Nikamtajia tajiri wa benki wa New York, J. P. Morgan, mwenye Columbia mwaka 1901. "Na kile kingine?" Nikamwambia ni cha Lipton. "Lipton wa majani ya chai?" Nikasema ndiye; alijaribu mara tano, mwaka 1899, 1901, 1903, 1920 na 1930, akashindwa zote tano, mpaka Wamarekani wenyewe wakachanga fedha wakampa kikombe cha dhahabu kwa uungwana wake. Mjomba akasema kwamba mtu aliyeshindwa mara tano na chai yake bado inanywewa Mafia hajashindwa sana.

Halafu akauliza swali ambalo vitabu nilivyosoma havikunitayarishia. "Hao wanaovuta kamba, hao waliolala kifudifudi juu ya sitaha ili wasishike upepo, ni nani?" Majina yao sikuwa nayo. Jambo moja nililolijua ni la Columbia ya 1899: mabaharia wake walitolewa Deer Isle, kisiwa cha wavuvi katika jimbo la Maine. Nilipomwambia hivyo akapiga paja. "Nilijua! Nilijua ni watu wa kisiwani. Mtu wa bara hawezi kulala hivyo." Kisha akanyamaza. "Basi tajiri ana jina, fundi ana jina, nahodha ana jina, na mvuvi ana mgongo tu." Mvulana mlangoni aliinua macho.

Mwisho nilimwonyesha mwanzo wa mbio ya tatu ya mwaka 1901, tarehe 4 Oktoba. Akaniuliza nani alishinda. Nikamwambia: Shamrock ya pili ndiyo iliyotangulia kufika, kwa sekunde 2, lakini Columbia ndiyo iliyoshinda. Alidhani nimekosea kusema. Nikamweleza sheria yao, kwamba mashua iliyopimwa kuwa na nguvu zaidi humpa mwenziwe muda wa fidia. Siku ile Shamrock ilidaiwa sekunde 43, basi baada ya hesabu ikawa imeshindwa kwa sekunde 41. Mjomba alilitafakari jambo hilo kwa muda mrefu kuliko yote. Hakulipinga. Alisema tu ya kwamba mtu aliyesimama ufukweni siku ile angeapa kwa Mungu kuwa Shamrock imeshinda, na asingekuwa mwongo, ila angekuwa amekosa kumwuliza anayejua.

Tukawa tumemaliza, na mimi nilikuwa bado sijasema nililoliendea. Nikamwambia jambo moja zaidi la mwaka 1899. Mashua zilitoka mwanzoni mwa Oktoba, upepo ukakosekana. Sheria yao ilitaka mbio imalizike katika muda wa saa 5 na nusu. Siku ikipita bila ya upepo, mbio ya siku hiyo ni bure. Wakatoka tena, na tena. Serikali ilikuwa imeleta meli za doria kuwazuia watazamaji wasizisonge mashua. Marconi alikuwa tayari na chombo chake. Wapiga picha walikuwa tayari na filamu zao. Na mji mzima wa New York ulikuwa ukingoja matokeo. Wote hao walingoja karibu majuma mawili, mpaka tarehe 16 Oktoba, upepo ulipotosha. Ndipo Columbia iliposhinda mbio tatu mfululizo, ya pili yake ikiwa ile ambayo mlingoti wa juu wa Shamrock ulivunjika.

"Mjomba," nikasema, "matajiri na manowari walingoja upepo majuma mawili, wala hakuna aliyewaita watoro. Mimi nilishindwa kuwangojea watoto wetu siku moja." Nikamgeukia mvulana mlangoni, nikamwomba radhi mbele ya babu yake. Si jambo jepesi kwa mwalimu wa zama zangu. Yeye aliona haya kuliko mimi, akatazama chini, akasema, "Yamekwisha, Mwalimu." Mjomba hakusema lolote kuhusu hilo. Alisema chai imepoa, akaagiza nyingine.

Ndugu msomaji, sikuyaeleza haya ili nisifu matanga ya kigeni. Mabaharia wetu walikwenda na pepo za kusi na kaskazi kwa karne nyingi kabla ya kikombe hicho kufuliwa, na hawana haja ya kushuhudiwa na New York. Wala sisemi kwamba mwanafunzi aache shule kila upepo uvumapo. Nasema hivi: nilikuwa na filamu iliyotunzwa vema, mbele ya chombo kizuri, na sikuielewa mpaka alipokuja kuketi kando yangu mtu aliyewahi kuishika demani kwa mkono wake. Picha ilikuwa bubu kwangu, haikuwa bubu kwake. Tukiyahifadhi mambo yetu katika picha na vinasa sauti, nasi tukawaacha wajuzi wake wazikwe bila ya kuulizwa, tutakuwa na maghala yaliyojaa mabubu.

Tena ziko hasara mbili, nasi tuna ile ya pili. Wamarekani wana picha, ila majina ya wavuta kamba hayamo ndani yake. Sisi kijijini kwetu tuna majina. Wazee wanaweza kukutajia nani alishika usukani na nani alimwaga maji ngamani katika mashindano ya miaka 50 iliyopita. Lakini picha hatuna. Majina hayo yamo katika vichwa vya watu ambao kila mwaka wanapungua. Hakuna sheria ya hakimiliki itakayokuja kutuokolea kwa bahati. Kazi hiyo ni yetu walimu na wanafunzi wetu, na haidai fedha nyingi. Yadai daftari, kalamu, na adabu ya kukaa mkekani.

Idi iliyofuata tuliifanya hivyo. Sikuwaachia wavulana peke yao. Nilipeleka darasa zima pwani, wasichana kwa wavulana, kila wawili wakiwa na daftari moja na ngalawa moja ya kuifuata. Walipewa kazi ya kuandika majina ya watu wote waliomo chomboni, kuanzia nahodha hadi mtoto wa kufua maji, na jina la fundi aliyeichonga, na mti uliotumika. Kijana mmoja mwenye simu nzuri alipewa kazi ya kupiga picha. Upepo ulikuwapo siku hiyo, tena mwema.

Mjomba, ambaye sasa haendi tena baharini, aliketi chini ya mkungu na fimbo yake. Alipoona kijana wa picha amesimama mahali pabaya alimpigia kelele ahame, aende kule ambako atauona mgeuko penye boya. Kisha akanitafuta kwa macho katika umati wa watu. Wenyeji husema mwenda tezi na omo marejeo ni ngamani. Mimi nilikuwa nimezunguka mpaka Sandy Hook ili nirejee kwenye ufuko niliozaliwa.

"Mpwa wangu," aliita, "njoo ukae huku. Hapo ulipo huoni kitu."

Nikaenda nikakaa.